Imani Lindoni: Mwongozo kwa Askari Aliye Mbali na Nyumbani

Mwongozo huu ni wako wewe askari uliyeko misheni, au unayejiandaa kuondoka, ambaye siku hizi ukipiga magoti au ukisimama kuelekea kibla huhisi kama kuna anayesikiliza. Nauandika nikiifikiria mashariki ya Kongo, kwa sababu huko ndiko vijana wengi wa JWTZ wamepelekwa tangu Machi 2013, Baraza la Usalama lilipopitisha azimio namba 2098 na kuunda kikosi cha kujibu mashambulizi ndani ya MONUSCO, misheni ya Umoja wa Mataifa ya kulinda amani nchini humo, chenye askari wa Tanzania, Afrika Kusini na Malawi. Aliyetumwa Jamhuri ya Afrika ya Kati au Lebanon naye atachukua kinachomfaa.

Sikuandikii ili nikushawishi uamini, wala ili nikuruhusu uache. Neno langu ni moja: usikate shauri juu ya Mungu ukiwa lindoni. Shauri zito namna hiyo linastahili mtu aliyelala, aliyekula, aliyepata nafasi ya kulia, na mwenye mtu wa kukaa naye. Saa tisa usiku, mvua inapiga kwenye turubai na wewe unatazama mstari wa miti usioona mwisho wake, huna hata kimoja kati ya hivyo.

Kwanza jua kinachokusumbua

Askari wengi husema imani yao imekufa kumbe wamechoka tu. Siudharau uchovu. Mtu aliyelala vipande vipande kwa wiki tatu hawezi kusikia furaha ya kitu chochote: si sauti ya mwanawe kwenye simu, si bao la timu yake, si sala. Chukua karatasi uandike tarehe ambayo ibada ilianza kuwa nzito, kisha uangalie wiki hiyo ilikuwaje. Kama ilikuwa wiki ya doria mfululizo, au uliugua malaria, anzia hapo. Kama umekuwa ukinywa mefloquine kujikinga na malaria, mwambie daktari wa kikosi jinsi unavyojisikia: dawa hiyo inajulikana kuwaletea baadhi ya watu jinamizi, hofu na huzuni nzito, na zipo nyingine zinazoweza kushika nafasi yake. Nimeanza na usingizi na vidonge katika mwongozo wa imani kwa makusudi. Roho inakaa ndani ya mwili, na mwili wako unatumika vibaya.

Pengine kinachokusumbua ni msiba. Tarehe 7 Desemba 2017 kambi ya walinda amani ya Semuliki, katika wilaya ya Beni, ilishambuliwa, na Watanzania wasiopungua 14 wakauawa na wengine wengi wakajeruhiwa. Miili ililetwa Dar es Salaam ikaagwa kwa heshima zote za kijeshi. Walioachwa kule walibaki na vitanda vitupu na ratiba ya doria. Fikiria tofauti na kwenu: mtu akifa kijijini watu wanalala chini, wanapika kwa masufuria makubwa, wanasimulia habari zake mpaka wachoke, kuna khitma au misa, na kuna arobaini. Sisi tumelelewa kuomboleza kwa mwili mzima tukiwa na umati wa watu. Misheni inakupa gwaride moja la kuaga, na kesho yake unapanda gari. Kilio kisichotolewa hakiondoki. Hukaa kifuani, na mara nyingi hutokea baadaye kama hasira dhidi ya Mungu.

Kwa hiyo fanyeni matanga, hata ya dakika kumi na tano. Mwombeni kamanda wa platuni ruhusa jioni moja. Wakae Waislamu na Wakristo pamoja, mmoja amtaje marehemu kwa jina aliloitwa kambini, kila anayetaka aseme jambo moja analomkumbukia, hata kama linachekesha, kisha kila upande uombe kwa njia yake. Mfanye hivyo tena siku ya arobaini. Sijui dawa nyingine ya shaka itokanayo na msiba inayoishinda hii.

Ukishatenganisha uchovu na msiba, hubaki mambo mawili magumu: hatia, na swali lenyewe la kwa nini Mungu anaruhusu. Nitayarudia.

Punguza ibada, usiiache

Kosa linalowamaliza wengi ni kutaka kusali misheni kama walivyosali nyumbani, wakishindwa wanaacha kabisa. Dini zetu zote mbili ziliwafikiria wasafiri na wapiganaji zamani sana. Tumia nafasi hiyo bila aibu.

Kama wewe ni Mwislamu, buti lako linalofunika vifundo vya miguu, ukilivaa ukiwa na udhu kamili nalo likiwa safi, unaweza kulipangusa juu kwa mkono wenye maji badala ya kulivua: mchana na usiku mmoja ukiwa mkazi, siku tatu na usiku wake ukiwa msafiri. Maji yakiwa ya kunywa tu, kuna kutayamamu. Kwa madhehebu ya Shafi, ambayo ndiyo ya wengi kwetu, unahitaji udongo safi wenye vumbi. Ukiwa upande wa Goma, ambako ardhi ni mawe meusi ya volkano ya Nyiragongo, huenda ukalazimika kutafuta mahali vumbi lilipotulia. Piga udongo kwa viganja viwili, pangusa uso. Piga tena, pangusa mikono mpaka viwikoni. Doria ikifikia umbali wa safari, unapunguza rakaa nne kuwa mbili na unaweza kuunganisha adhuhuri na alasiri, magharibi na isha. Kambini ulikopangiwa muda mrefu, wanazuoni wengi wanakuhesabu mkazi, kwa hiyo muulize shehe wako mapema kabla hujaondoka badala ya kubahatisha. Na isome Sura An-Nisaa, aya ya 102, kabla hujapanda ndege. Inaeleza namna ya kusali mbele ya adui: kundi moja linasali na silaha zake, jingine linalinda, kisha wanapokezana. Kwangu aya hiyo ni faraja kubwa. Aliyeiteremsha anajua lindo ni nini, na hakukwambia uchague kati ya kusali na kumlinda mwenzako.

Kama wewe ni Mkristo, Sala ya Bwana inakwisha kabla hujamaliza kufunga kamba za buti. Vidole kumi vinatosha Salamu Maria za fungu moja la rozari, hata mikono ikiwa mifukoni. Chagua wimbo mmoja unaoujua bila kitabu, uimbe moyoni kila unapoanza zamu, huo huo kila siku, bila kutafuta hisia. Amri na usalama vikiruhusu, nenda kusali na wenyeji. Beni na Goma watu wanaimba na kuhubiri kwa Kiswahili, na kusikia Injili ikisomwa kwa lugha ya mama yako katika mji ulioungua huweza kufungua mlango ambao mahubiri ya kwenye simu hayakuufungua.

Ikiwa hata hayo hayawezekani kwa sababu maneno ya shukrani yanakukwama kooni, usiyaseme. Fungua Zaburi ya 88. Zaburi nyingi za maombolezo huanza na kilio zikaishia na sifa. Hii huanza na kilio ikaishia gizani, na waliokusanya kitabu hicho waliiacha ilivyo, bila kuipachika mstari wa matumaini mwishoni. Iliyomo ndani ya Biblia ni sala. Na kwa Mwislamu kuna Sura Adh-Dhuha, ambayo wafasiri wanasema iliteremka baada ya wahyi kukatika kwa muda na Mtume kuhuzunika, watu wakimcheka kwamba Mola wake amemwacha. Ukimya wa mbinguni haukuanzia kwako.

Kuna hadithi katika mkusanyiko wa Imamu Muslim ambayo kila askari wa Kiislamu anapaswa kuijua. Masahaba walimwendea Mtume wakamwambia kwamba nafsini mwao wanakuta mawazo mabaya mno kiasi kwamba wanaogopa hata kuyatamka. Hakuwafukuza wala hakuwaambia wasilimu upya. Aliwajibu kwamba kule kuumizwa kwao na mawazo hayo ni alama ya imani iliyo wazi. Asiyeamini chochote hasumbuliwi na shaka.

Kama bado unadhani shaka ni ya watu dhaifu, mtazame Imamu Ghazali, mwalimu mkuu wa Baghdad, ambaye mwaka 1095 ulimi wake uligoma kufundisha na chakula kikakataa kupita kooni, akaacha cheo akaondoka mjini. Au Mama Teresa wa Kolkata: barua zake zilizochapishwa mwaka 2007 zinaonyesha aliishi miaka mingi sana bila kuhisi uwepo wa Mungu, huku kila asubuhi akiinuka kwenda kuwahudumia wanaokufa. Hakungoja ahisi ndipo afanye kazi.

Adui anayemtaja Mungu

Hili nalileta peke yake kwa sababu linamuumiza askari wa Kiislamu kwa namna ambayo mwenzake Mkristo huenda asiione. Kundi la ADF, lililoanzia Uganda miaka ya 1990 na baadaye kujiunga na Dola la Kiislamu, linaua wanavijiji likitaja dini yako. Unarudi kutoka kijiji kilichochomwa, inafika magharibi, unatamka takbira, na maneno yanakuwa machungu mdomoni. Pengine kuna mwenzako kambini ametoa kauli ya kijinga kuhusu Waislamu, nawe umenyamaza.

Usinyamaze. Mwambie kwa upole kwamba Mei 2021 shehe mashuhuri wa Beni aliyekuwa akiwapinga wauaji hao hadharani alipigwa risasi msikitini, wakati wa swala. Alikuwa Mwislamu wa Beni, kama walivyo waumini waliokuwa nyuma yake. Na Januari 2023 bomu lililipuka katika kanisa la Kipentekoste huko Kasindi, watu wakiwa katika ibada ya ubatizo. Wengi wanaamini risasi ya msikitini na bomu la kanisani vilitoka upande mmoja. Mwislamu anayesimama na kofia ya bluu kumlinda Mkristo wa Kasindi haisaliti dini yake, na wewe Mkristo ulinde jina la mwenzako huyo kama unavyolinda ubavu wake mkiwa doria. Makamanda wa platuni walichukulie jambo hili kwa uzito. Likiachwa, linaigawa kombania.

Dhamiri iliyojeruhiwa

Sasa tuje kwenye hatia, ambayo ndiyo huwaondoa watu wengi kwenye ibada bila wao wenyewe kujua. Mtu hakatai kwamba Mungu yupo. Anaona tu haya kumtazama. Anaanza kuchelewa, anapata udhuru, anakaa nyuma karibu na mlango, kisha siku moja haji. Ukimuuliza atakwambia dini ni hadithi za wazee. Ukikaa naye muda mrefu zaidi atakwambia habari ya mtoto.

Jonathan Shay, daktari wa magonjwa ya akili wa Marekani aliyewatibu kwa miaka mingi waliopigana Vietnam, ni mmoja wa walioonyesha kwamba askari anaweza kujeruhiwa dhamiri hata kama hakuguswa na risasi wala si mwoga. Hofu hutibiwa kwa njia zake. Jeraha hili lina njia nyingine. Aliyenalo hakosi usingizi kwa kuogopa kufa. Anakosa usingizi kwa sababu ya alichofanya, alichoshindwa kufanya, au alichoshuhudia wakubwa wake wakikifanya.

Tuseme umeua. Sheria za matumizi ya nguvu zilikuruhusu, ripoti imeandikwa, umeambiwa umefanya vema. Bado unaona uso wake. Usikubali mtu akuharakishe kupita hapo, hata akiwa kiongozi wa dini. Katika karne ya 4 Askofu Basili wa Kaisaria aliandika kwamba wanaoua vitani hawahesabiwi wauaji, lakini akashauri wakae miaka mitatu bila kukaribia Komunyo. Wengine wanaona huo ni ukali. Mimi naona ni huruma ya mchungaji aliyewajua askari: hakuwaita wenye dhambi ya uuaji, wala hakujifanya kwamba hakuna lililotokea. Aliwapa muda na mahali pa kusimama mpaka mikono iwe tayari. Kanisa lako leo halitaki ungoje miaka mitatu, lakini una haki ya kuomba muda. Mwambie padri au mchungaji: sitaki kuambiwa nimefanya vema, nataka kuombewa.

Kama wewe ni Mkatoliki, kitubio kina siri isiyovunjwa kwa amri ya jenerali yeyote. Kitumie hata kama huna hakika kwamba ulichofanya ni dhambi. Sema hivyo hivyo, kwamba huna hakika. Kwa Mwislamu toba ni kati yako na Mola wako, na hutakiwi kujitangazia makosa. Lakini kumweleza shehe mwaminifu au daktari ili upate tiba si kujitangaza. Na ikiwa aliyekufa hakukusudiwa, kwa mfano raia aliyepita katikati ya mapigano, Sura An-Nisaa aya ya 92 inazungumzia kuua kwa bahati mbaya: kuna dia, na kwa asiyeweza kumwacha huru mtumwa kuna funga ya miezi miwili mfululizo. Usijipimie hukumu mwenyewe usiku kitandani. Mpelekee mwanachuoni tukio zima jinsi lilivyokuwa, kwa sababu hali za vita zina masharti yake. Ninachotaka ukione ni kwamba dini haikukuacha na hisia tupu. Imekupa jambo la kufanya kwa mwili wako, lenye mwanzo na mwisho, na mtu mwenye hatia anahitaji jambo la kufanya kuliko anavyohitaji kufarijiwa.

Upande wa pili ni hatia ya kutofika. Mauaji ya raia katika wilaya ya Beni yalianza kushika kasi Oktoba 2014, na Novemba 2019 wananchi wenye hasira walivamia kambi ya Umoja wa Mataifa mjini humo kwa sababu waliona hawalindwi. Hapa askari wa Kitanzania ana mzigo ambao askari anayetoka Asia au Amerika ya Kusini hana. Mama amekaa kando ya nyumba iliyoungua, anakutazama, anauliza: “Mulikuwa wapi?” Huhitaji mkalimani. Anakuuliza kwa lugha ambayo shangazi yako wa Kigoma angekuuliza nayo, na huwezi kujifanya hukusikia.

Usiku huo swali lake litageuka kuwa lako kwa Mungu: Na wewe ulikuwa wapi? Sitakupa jibu la swali hilo, kwa sababu majibu niliyoyasikia yote yanasemwa vizuri na watu waliokaa mbali na nyumba ile. Ninachoweza ni kukusaidia usibebe isiyo sehemu yako. Chukua tena karatasi. Andika ulipewa taarifa saa ngapi, ulikuwa umbali gani, barabara ilikuwaje, nani alitoa amri ya kuondoka na saa ngapi. Kisha jiulize: kwa niliyoyajua saa ile, siyo kwa ninayoyajua leo, ningeweza kufanya nini tofauti? Pengine utakuta kipo. Basi hicho kina toba yake, na kama ni uzembe wa mtu kina njia yake ya kuripotiwa. Pengine utakuta hakuna. Basi unachokibeba ni majonzi, na majonzi hayahitaji msamaha, yanahitaji watu.

Na ukifika mahali unawaza kujielekezea silaha, hapo usisali kwanza. Mpe mwenzako bunduki yako sasa hivi, mwambie kwa maneno ya wazi unachowaza, mwende wote wawili kwa daktari wa kikosi. Sala itafuata ukishakuwa salama. Na wewe unayekabidhiwa silaha hiyo, usimhubirie na usimwache peke yake hata kwenda chooni.

Wa kukaa naye

Marafiki wa Ayubu walifanya vizuri kwa siku saba: walikaa naye chini, usiku na mchana, bila kusema neno. Waliharibu walipofungua midomo kumweleza kwa nini Mungu amemtenda vile, na mwisho wa kitabu Mungu anawakasirikia wao, si Ayubu aliyelalamika. Mwenzako wa chumba akikwama, fanya kama siku zile saba. Mletee chai. Kaa. Chukua zamu yake moja akalale, kama afande ataruhusu.

Padri, mchungaji au shehe wa jeshi ukimpata, mpime kwa jambo moja tu: anaweza kusikiliza dakika ishirini bila kukunukulia aya? Kama anaweza, ni wako. Wapo pia wa kuepuka. Simu yako italeta manabii watakaokutumia ujumbe wa sauti kwamba wameona hatari juu yako na inatakiwa sadaka ya kuiondoa. Wanajua kwamba mlinda amani ana posho. Atakuwepo na wa hirizi, pengine kambini humo humo. Majeshi ya Mai-Mai unayokutana nayo msituni yanaamini maji ya dawa yanazuia risasi, na wewe umeona mwenyewe kinachowapata. Aliyefungwa hirizi huacha kuinama inapopaswa kuinama.

Simu ya nyumbani

Mama atauliza, “Mwanangu, unasali?” Usimdanganye, na usimmwagie yote. Yeye yuko Singida au Tanga, hana la kufanya na habari hiyo zaidi ya kukosa usingizi. Sema kweli iliyo ndogo: “Mama, siku hizi nasali kwa shida. Niombee.” Amebeba mengi kabla yako, hilo ataliweza, na utashangaa jinsi sala yake itakavyobadilika akishajua aombe nini.

Mke au mume anastahili zaidi ya hapo, lakini siyo yote kwa simu. Simu hukatika katikati ya sentensi mbaya kuliko zote. Mwambie: kuna mambo nitakueleza nikirudi, siyo kwamba nakuficha. Kisha uliza habari za ada, za paa linalovuja, za mtoto aliyeanza kusimama. Hayo si mambo madogo ya kuulizia kwa kujilazimisha. Ndiyo maisha unayoyarudia.

Ukirudi

Jumapili ya kwanza watataka usimame mbele utoe ushuhuda jinsi Bwana alivyokuokoa. Msikitini watataka kukusomea dua na kukupa neno. Una ruhusa ya kukataa kuongea. Waambie mapema, kabla ya ibada, si pale mbele ya watu: “Mzee, nashukuru, lakini sijawa tayari.” Ushuhuda wa “Mungu alinilinda” una mwiba ndani yake kwa aliyemwona mwenzake, mcha Mungu kuliko yeye, akifa hatua tatu kutoka kwake. Hakuna wa kukulazimisha kuusema.

Utaenda kwa familia ya yule mwenzako. Nenda, hata kama jeshi lilishakwenda. Usiwaambie ilikuwa mipango ya Mungu. Wameshaambiwa na kila aliyepita. Waambie alipenda kula nini, alimtania nani, alimtaja nani kati yao na alisema nini. Kama wakikuuliza alikufaje, jibu kwa ukweli ule tu waliouuliza, kisha nyamaza uwaache waulize tena kama wanataka. Mtoto wake akikuuliza kama baba yuko mbinguni, mwache mama au bibi yake ajibu.

Kama mwaka umepita, umelala, umekula, umelia, umekaa na watu, na bado huwezi kusema unaamini, basi hilo sasa ni shauri lako ulilolikata ukiwa na akili timamu, na lina heshima yake. Usilitangaze kwa hasira wala usilifiche kwa unafiki. Endelea kumsindikiza mama kanisani kama hilo halikudhalilishi, na endelea kwenda mazishini. Wengine hurudi baada ya miaka, wengine hawarudi.

Kabla hujafika huko, fanya jambo moja zaidi. Karibu kila wilaya kuna mzee aliyepigana Vita vya Kagera, 1978 na 1979, aliyetembea kwa miguu mpaka Masaka na wengine mpaka Kampala, akarudi shambani bila mtu kumuuliza sala zake zilikwenda wapi. Tafuta mmoja wao. Nenda na kilo mbili za sukari, msalimie shikamoo, mwambie umetoka Kongo. Usimuulize mara moja kama anaamini. Muulize kule njiani alikuwa anasali vipi, na aliporudi ilimchukua muda gani kuweza kusali tena. Tenga siku nzima, kwa sababu akishaanza kueleza hatamaliza kabla ya jioni.